Pachinko (riwaya)

Pachinko ni riwaya ya kihistoria ya Min Jin Lee, mwandishi wa Marekani aliyezaliwa Seoul, Korea Kusini. Ilitolewa kwa Kiingereza mwaka 2017.

Inasimulia vizazi vinne vya familia ya Kikorea kuanzia mwaka 1910, Japani ilipoitwaa Korea, hadi 1989. Sunja, binti wa Yeongdo, kisiwa cha Busan, anapewa mimba na Koh Hansu, tajiri mwenye mke Japani. Mchungaji Baek Isak anamwoa, nao wanahamia Osaka.

Wakorea waliobaki Japani walipoteza uraia wa nchi hiyo mwaka 1952, na hata watoto waliozaliwa hukohuko walihesabiwa wageni. Solomon, mjukuu wa Sunja, anapotimiza miaka 14 inambidi aandikishwe na kuchukuliwa alama za vidole, ingawa baba yake pia ni mzaliwa wa Japani. Hapa riwaya ina uzito kuliko katika habari za Hansu.

Pachinko yenyewe ni kamari ya mashine inayochezwa kwa gololi za chuma. Ilikuwa kati ya biashara chache zilizowapokea Wakorea. Mozasu, babake Solomon, anatajirika kwayo. Kaka yake Noa anajificha na kuishi kama Mjapani, mpaka mama yake anapomgundua, naye anajiua.

Tamthilia yake ya televisheni ilianza kuonyeshwa mwaka 2022.