Uzi wake unakatika ukivutwa kidogo tu, lakini ndio uliozaa sweta maarufu la Iceland

Ukipita Instagram au Pinterest kipindi cha baridi ya Ulaya, lazima ukutane nalo: sweta zito la sufu lenye mapambo yanayozunguka mabega, kama mkufu mpana uliofumwa humo humo kwenye nguo. Linaitwa lopapeysa, kwao ni Iceland, na watalii hawaondoki Reykjavik bila kulibeba. Wengi wanaamini ni vazi la kale la Waviking. Hapana bana. Sweta hili umri wake ni wa bibi yako tu, maana lilianza kushika chati katikati ya karne ya 20.

Kilicho cha kale ni kondoo. Walifika na walowezi wa kwanza kutoka Skandinavia karne ya 9, na sufu yao ina tabaka mbili: ya nje ni ndefu na haipitishi maji kirahisi, ya ndani ni laini na inatunza joto. Ufundi wa kufuma kwa sindano ulifika karne ya 16, na baada ya hapo familia nzima ilifuma, wanaume kwa watoto, usiku mrefu wa baridi wakitengeneza soksi na glavu za kuuzwa nje. Sasa, kazi iliyokuwa inachosha kuliko zote haikuwa kufuma. Ilikuwa kusokota. Kabla hujashika sindano, sufu ilibidi ioshwe, ichanwe, halafu isokotwe mpaka iwe uzi. Mzigo huo kwa sehemu kubwa ulikuwa wa wanawake.

Mwishoni mwa karne ya 19 mashine za kuchana sufu zikaingia. Zilitoa kitu kinachoitwa lopi: kamba laini ya sufu ambayo bado haijasokotwa, imezungushwa bapa kama chapati kubwa. Mama wa nyumbani alitakiwa aipeleke nyumbani akaisokote mwenyewe. Kila mtu alijua kwamba lopi si uzi. Ni malighafi. Ukiishika ncha mbili ukavuta, inaachia pale pale.

Lakini wapo waliochoka. Mwanzoni mwa miaka ya 1920, mwanamke mmoja aliandika kwenye jarida la wanawake la huko kwamba alijaribu kuipitisha lopi kwenye mashine ya kufuma bila kuisokota kabisa, na ikakubali. Kama yeye ndiye wa kwanza au kuna wengine waliofanya kimya kimya majikoni kwao, haina uzito sana. Jambo la maana ni kwamba hatua iliyokuwa inakula siku nzima nzima iliweza kurukwa.

Na hapa ndipo penye utamu. Lopi moja peke yake ni nyembamba na haina nguvu, kwa hiyo wafumaji wakaanza kushika mbili kwa pamoja, au tatu, wakizifuma kama uzi mmoja. Mbili zinatoa sweta la kawaida. Tatu zinatoa lile zito la kwendea baharini au kuchungia kondoo. Unaweza hata kuchukua ncha ya nje na ncha ya ndani ya "chapati" ile ile, ukazishika pamoja, mambo yakaenda. Ukichanganya rangi mbili, unapata rangi ya tatu yenye madoadoa ambayo hakuna duka linaiuza. Na ikikatika? Unalaza ncha mbili juu ya kila mmoja, unalowesha kiganja kidogo, unazisugua, zinashikana. Hakuna fundo.

Ikishafumwa, habari inabadilika. Nyuzi zinang'ang'aniana zenyewe ndani ya vitanzi, na kwa kuwa hazijasokotwa zinabaki zimetuna, zinashika hewa. Matokeo yake ni nguo nyepesi kuliko inavyoonekana, ila ina joto balaa.

Yale mapambo ya mabegani nayo yana stori yake. Kwa miaka mingi imesimuliwa kwamba aliyeyabuni ni mke wa mwandishi mmoja aliyebeba Nobel ya Fasihi mwaka 1955, baada ya kuona picha kwenye kitabu cha utamaduni wa Inka. Stori tamu, na ina jina kubwa ndani yake, ndiyo maana imedumu. Watafiti waliofuatilia wanasema hakuna mbunifu mmoja. Kuna mkono wa kola za shanga za wanawake wa Greenland, kuna michoro ya Norway na Sweden iliyopita kwenye magazeti, na kuna wafumaji wengi waliokuwa wanaibiana mawazo. Majina yao hayakuandikwa popote.

Lilipoanza kuleta hela, ugomvi ukaanza. Wafumaji waliona bei ya dukani na kile wanacholipwa haviendani, na mwaka 1977 wakaunda chama chao cha wafumaji wa mikono ili wauze wenyewe. Mdororo wa benki wa 2008 ulipoipiga nchi, Waisilandi wenyewe wakalirudia sweta lao kwa fujo. Halafu likaja jingine: sufu ya Iceland ilisafirishwa China, ikafumwa huko kwa bei nafuu, sweta likarudi kuuzwa kwa watalii Reykjavik.

Mwaka 2020 jina "Íslensk lopapeysa" likapata ulinzi wa kisheria. Ili sweta liitwe hivyo lazima liwe la sufu mpya ya kondoo wa Iceland, lifumwe kwa mkono, kwa mzunguko bila mshono, na lifumwe ndani ya Iceland. Yale ya China bado yanaruhusiwa kuuzwa, ila si kwa jina hilo. Kwa hiyo mtalii anayetaka la kweli inabidi asome lebo kabla hajatoa kadi.