Nyayo Juu ya Dari

Nyumba ya Kiswahili ya Kariakoo haikuwa na mtu wa juu wala wa chini. Ukumbi ulipita katikati, vyumba vikapangwa pande zote mbili, na uani nyuma palikuwa na jiko, choo na kinu. Kelele zilikuwapo, tena tele, kwani mara nyingi kuta za vyumba hazikufika paani na kikohozi cha chumba cha mbele kilisikika hadi cha nyuma. Lakini hatua za mtu ziliishia ardhini.

Ghorofa zilikuwa Uhindini, ng'ambo ya viwanja vya Mnazi Mmoja. Huko mfanyabiashara alifungua duka chini na mara nyingi aliishi juu yake pamoja na jamaa zake. Usiku, duka likishafungwa, chini hapakuwa na wa kuudhika ila magunia ya mchele.

Sakafu nazo zilibadilika. Desturi ya kale ya pwani ilikuwa kupanga boriti za mikoko karibu karibu, kisha juu yake mawe ya matumbawe na chokaa iliyopondwa kwa siku nyingi. Sakafu hiyo ilikuwa nene, nzito, na haikuwa ngumu kama ya leo. Zege lilipokuja, wengi walidhani kwamba kwa ugumu wake litazuia kila kelele. Mazungumzo linayazuia kweli, kwa uzito wake. Kisigino ni jambo lingine: kikigonga, zege lenyewe hutetemeka, na chumba cha chini huwa tumbo la ngoma.

Mwaka 1971 serikali ilitwaa majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, ikayaweka chini ya Msajili wa Majumba, ambaye kazi zake ziliingia Shirika la Nyumba la Taifa mwaka 1990. Wapangaji wapya wakaingia, watu wa mikoa yote, na wengi tulikuwa hatujapata kuishi juu ya kichwa cha mwenzetu. Tulikuja na vinu vyetu.

Mwishoni mwa miaka ya 1970, nikiwa mwalimu kijana, nilipanga chini ya mama mmoja aliyetwanga kisamvu kila jioni, saa ile ile ya kusahihisha madaftari. Nikapanda ngazi na magunia mawili matupu ya katani.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwalimu. Ni kinu, sivyo?"

"Ni sakafu, mama."

Tukakunja magunia, tukatandika na mkeka chakavu, kinu tukakisogeza ukutani, maana katikati ya chumba ndipo sakafu hunesa zaidi. Mshindo haukwisha, ila madaftari yalisahihishika. Baadaye alikata raba ya tairi akaivisha miguu ya viti, bila kuombwa.

Tangu miaka ya 1990 nyumba nyingi za Kariakoo zimebomolewa zikaota ghorofa, na sakafu zake ni za vigae, vigumu kuliko saruji. Mwenye kuteseka chini huita fundi apigilie dari. Dari iliyoshikwa moja kwa moja kwenye zege husaidia kidogo mno. Dawa iko juu, kwa anayekanyaga: zulia, jamvi, kuvua viatu mlangoni. Na anayejenga angetandika tabaka la mpira chini ya vigae kabla havijabandikwa, kwani baadaye itabidi avivunje.