Teolojia ya Biblia

Teolojia ya Biblia ni tawi la teolojia ya Kikristo linalochunguza mafundisho ya Maandiko Matakatifu kuhusu Mungu, binadamu na wokovu kwa kufuata lugha na mpangilio wa vitabu vyenyewe. Mwanateolojia Johann Philipp Gabler aliitofautisha na teolojia ya dogma, inayopanga imani kwa mada, katika hotuba yake ya Altdorf, Ujerumani, mwaka 1787.

Mjadala mkubwa unahusu kiini kinachoviunganisha vitabu vya Biblia. Walther Eichrodt alilifafanua Agano la Kale kwa dhana ya agano. Gerhard von Rad alikataa kiini kimoja, akafuatilia jinsi Israeli ilivyosimulia upya matendo ya Mungu: safari ya kutoka Misri, kwa mfano, inarudi katika Isaya 40–55 kama tumaini la waliohamishiwa Babeli. Brevard Childs alisisitiza kanoni nzima, yaani mkusanyo mzima wa vitabu vya Biblia.

Kwa upande wa Afrika Mashariki, John Mbiti wa Kenya alichapisha mwaka 1971 kitabu kinacholinganisha mafundisho ya Agano Jipya kuhusu siku za mwisho na dhana ya wakati miongoni mwa Wakamba. Dai lake kwamba fikra za jadi hazikujishughulisha na wakati ujao wa mbali limepingwa sana, pengine kwa haki.