Wahandisi Katika Siasa za Mtandaoni Tanzania

Uchambuzi wa siasa mtandaoni nchini Tanzania ulianzishwa kwa sehemu kubwa na watu walio nje ya vyumba vya habari. Wengine walikuwa ughaibuni, ambako intaneti ilipatikana kwa urahisi. Wengine walikuwa mafundi na wahandisi, watu wanaojua kusimika mtambo na kuulinda usizimike. Sababu ilikuwa ya kisheria kama ilivyokuwa ya kiufundi. Sheria ya Magazeti ya 1976 ilimpa waziri uwezo wa kulifungia gazeti lolote kwa amri yake. Maandishi yaliyohifadhiwa kwenye kompyuta iliyoko nje ya nchi yalikuwa mbali na amri hiyo, angalau kwa muda.

Ndesanjo Macha, akiwa Marekani, alifungua blogu ya Jikomboe mwanzoni mwa miaka ya 2000, akaandika siasa na falsafa kwa Kiswahili wakati wengi waliamini kuwa lugha ya kompyuta ni Kiingereza tu. Mwaka 2005 alimsaidia mpiga picha Issa Michuzi, aliyekuwa Helsinki kikazi, kufungua blogu iliyokuja kusomwa na Watanzania wengi kuliko nyingine yoyote ya wakati huo. Kutoka Scotland, Evarist Chahali aliandika Kulikoni Ughaibuni, na makala zake zikachapishwa pia katika gazeti la Raia Mwema. Kuna sifa moja ya waandishi hawa ambayo husahaulika: umbali haukuwafanya wageni. Waliandika kana kwamba wamekaa kijiweni Manzese, na wasomaji waliokuwa nyumbani wakawajibu hivyo hivyo.

Mhandisi aliyeacha alama kubwa zaidi ni Maxence Melo, aliyesomea uhandisi ujenzi. Mwaka 2006, yeye na Mike Mushi walianzisha Jambo Forums, ambayo mwaka 2008 ikaitwa JamiiForums. Kazi yao haikuwa kutoa maoni. Walijenga ukumbi ambamo yeyote, kwa jina la kubuni, angeweza kuweka waraka na kuuacha ujadiliwe. Wakati ulikuwa umeiva. Tarehe 15 Septemba 2007, katika viwanja vya Mwembe Yanga, Temeke, mbunge wa upinzani Dk. Willibrod Slaa alisoma hadharani majina 11 ya viongozi aliowatuhumu kwa ufisadi. Wizi wa zaidi ya shilingi bilioni 133 katika akaunti ya EPA ya Benki Kuu, pamoja na mkataba wa umeme wa Richmond, vilijadiliwa mtandaoni kwa kina ambacho magazeti machache yalithubutu kukifikia. Februari 2008, mwezi aliojiuzulu Waziri Mkuu Edward Lowassa kwa sababu ya Richmond, polisi waliwakamata Melo na Mushi na kuchukua kompyuta zao. Waliachiwa bila kufunguliwa mashtaka.

Hadi hapo wasomaji walikuwa wachache, wengi wao wakiwa maofisini na kwenye intaneti kafe za mjini. Mkonga wa intaneti wa SEACOM uliofika Dar es Salaam Julai 2009, ukafuatwa na EASSy mwaka 2010, ulibadili hali hiyo. Gharama zilishuka, simu za kisasa zikaenea, na siasa za mtandaoni zikatoka maofisini zikaingia vitongojini.

Kibamba ni mfano mzuri wa mabadiliko hayo. Eneo hili liko kando ya Barabara ya Morogoro, kati ya Mbezi na mpaka wa mkoa wa Pwani, na kwa miaka mingi lilihesabiwa kuwa shamba kuliko mji. Lilikuwa sehemu ya Kinondoni kabla Ubungo haijamegwa kuwa wilaya. Bomba la maji la Ruvu Juu linapita huko kuelekea Kimara, lakini wakazi wa njia hiyo waliendelea kununua maji kwa ndoo. John Mnyika, aliyechaguliwa mbunge wa Ubungo mwaka 2010 kwa tiketi ya chama cha upinzani cha CHADEMA, aliifanya kero hiyo kuwa hoja ya kwanza ya siasa zake, na alikuwa miongoni mwa wabunge wa mwanzo kuweka hotuba na taarifa zake mtandaoni kama jambo la kawaida. Februari 2013, hoja yake binafsi kuhusu maji ya Dar es Salaam iliondolewa bungeni kabla ya kuamuliwa. Mwaka 2015 jimbo la Kibamba liliundwa, na Mnyika akawa mbunge wake wa kwanza. Upanuzi wa mtambo wa Ruvu Juu, kutoka lita milioni 82 hadi milioni 196 kwa siku, ulikamilika katika kipindi hicho. Kuugawanya ushindi huo kati ya kelele za wananchi, mbunge na serikali si rahisi, na haki ni kusema kwamba wote walikuwa na sehemu yao.

Upande wa dola nao ulikuwa na mhandisi wake. Profesa Makame Mbarawa, mhandisi mitambo aliyekuwa akifundisha chuo kikuu nchini Afrika Kusini, alirudi nyumbani na kushika Wizara ya Mawasiliano, Sayansi na Teknolojia kuanzia 2010 hadi 2015. Ni chini ya wizara hiyo Sheria ya Makosa ya Mtandao ilipitishwa Aprili 2015, ikaanza kutumika tarehe 1 Septemba, wiki chache kabla ya uchaguzi mkuu. Sheria ilikuwa na vifungu vya haki dhidi ya wizi na ponografia ya watoto. Pia ilifanya kusambaza habari za uongo kuwa jinai, na kifungu cha 32 kikawapa polisi uwezo wa kudai taarifa za watumiaji. Mtandao uliojengwa juu ya majina ya kubuni usingeweza kulikubali dai hilo bila kujiua.

Melo alikataa. Alikamatwa tarehe 13 Desemba 2016, akafikishwa katika Mahakama ya Kisutu kwa mashtaka ya kuzuia upelelezi na ya kuendesha tovuti isiyotumia kikoa cha .tz. Kesi zilimzungusha mahakamani kwa miaka. Aprili 2020 alitiwa hatiani katika mojawapo, akapewa adhabu ya faini ya shilingi milioni 3 au kifungo cha mwaka mmoja. Mwaka mmoja kabla yake, Kamati ya Kuwalinda Wanahabari yenye makao yake New York ilikuwa imempa tuzo ya kimataifa ya uhuru wa habari. Kwa mtu aliyesomea majengo, ulinzi wa siri za wasiojulikana ndio uliokuwa kazi yake kubwa kuliko zote.

Kanuni za maudhui ya mtandaoni za Machi 2018 zilikwenda mbali zaidi: ada ya maombi, leseni na malipo ya kila mwaka vilizidi shilingi milioni 2. Blogu nyingi ndogo zilikufa kimya kimya, na JamiiForums ikafungwa kwa muda Juni mwaka huo. Sauti zikahamia Instagram, Twitter na YouTube. Huko kanuni mpya haikuwa ya fundi tena bali ya mwenye wafuasi wengi. Kutoka Marekani, mwanaharakati Mange Kimambi aliitisha maandamano ya tarehe 26 Aprili 2018. Polisi walitanda, na waliojitokeza walikuwa wachache mno.

Katika zama hizo uhafidhina nao ulipata wachambuzi wake. Uhafidhina wa Tanzania una sura yake: mara nyingi hurejea kwa Mwalimu Nyerere, Azimio la Arusha, miiko ya uongozi na nidhamu ya chama. Cyprian Musiba aliutetea uongozi wa Rais John Magufuli kwa kuwashambulia wakosoaji wake, na mwaka 2021 Mahakama Kuu ilimwamuru amlipe waziri wa zamani wa mambo ya nje, Bernard Membe, fidia ya mabilioni ya shilingi kwa kumkashifu. Humphrey Polepole, aliyekuwa katibu mwenezi wa chama tawala, CCM, alifuata njia yenye uzito zaidi: mwaka 2021 alitoa mafunzo ya uongozi mtandaoni, akisisitiza misingi ya chama. Julai 2025 alijiuzulu ubalozi wa Cuba, akaendelea kukosoa kwa video namna chama kilivyompata mgombea wake wa urais. Tarehe 6 Oktoba familia yake ilieleza kuwa amechukuliwa kwa nguvu nyumbani kwake Dar es Salaam.

Mwaka huo huo mtandao wa X, zamani Twitter, ulifungwa nchini kuanzia Mei, na Septemba leseni ya JamiiForums ikasitishwa kwa siku 90 kwa madai ya kupotosha umma na kumdhalilisha Rais. Tarehe 29 Oktoba, siku ya uchaguzi mkuu, intaneti ilizimwa nchi nzima. Mchambuzi aliye ughaibuni aliweza kuandika, lakini msomaji wake wa Kibamba hakuweza kumsoma mpaka mtandao uliporudishwa mwanzoni mwa Novemba.