Kortisoni: Jina Lililozaliwa Marekani na Kulishwa na Mkonge

Katika miaka ya 1930, mkemia Edward Kendall wa Mayo Clinic, mjini Rochester, jimbo la Minnesota, alikuwa akipokea tezi za ng'ombe kutoka machinjioni, shehena kwa shehena. Ni tezi ndogo zinazokaa juu ya figo. Tangu daktari Thomas Addison wa London alipoandika mwaka 1855 kuhusu wagonjwa waliodhoofika na kufa baada ya tezi hizo kuharibika, ilijulikana kwamba binadamu hawezi kuishi bila yale zinayotoa. Ila zinatoa nini hasa, hakuna aliyekuwa na jibu kamili.

Kendall alizisaga, akazichuja, akazichemsha. Kila alipopata kitu safi kilichoganda na kuwa fuwele, alikipa herufi: A, B, na kuendelea mpaka F. Tatizo ni kwamba maabara nyingine nazo zilikuwa na herufi zake. Kitu ambacho Kendall alikiita E, Oskar Wintersteiner na mwenzake wa New York walikiita F, na Tadeus Reichstein huko Zurich, Uswisi, alikiita Fa. Kendall naye alikuwa na F yake, ambayo ni kitu kingine kabisa. Mtu aliyesoma makala za maabara hizo tatu alihitaji jedwali pembeni ili ajue wanazungumzia kitu kimoja au vitatu.

Katika hospitali hiyohiyo ya Rochester kulikuwa na daktari wa viungo, Philip Hench, ambaye naye alikuwa na herufi yake. Mwaka 1929 alimpokea mgonjwa wa baridi yabisi, ule ugonjwa unaovimbisha viungo mpaka mtu anashindwa kukunja vidole. Mgonjwa huyo alipopatwa na umanjano kwa sababu ya ini, maumivu ya viungo yakapungua kwa ghafla. Hench akaanza kufuatilia, na akagundua kwamba wanawake wenye baridi yabisi nao hupata nafuu wakiwa wajawazito. Akahitimisha kwamba mwili wenyewe una kitu cha kuuzima ugonjwa huo, akakiita X. Mwaka 1941 yeye na Kendall walikubaliana kwamba X ya mmoja huenda ndiyo E ya mwingine, na kwamba siku moja waijaribu.

Ya kujaribu haikuwepo. Tani za tezi zilitoa chembe chache tu za E. Kilichosukuma kazi mbele ni vita. Marekani ilisikia uvumi kwamba marubani wa Ujerumani wanapewa dondoo ya tezi hizo ili waweze kuruka juu sana bila kuzidiwa. Uvumi haukuwa na msingi, lakini serikali iliupa utafiti huo kipaumbele. Kijana Lewis Sarett wa kampuni ya Merck alifaulu kuitengeneza E mwishoni mwa 1944, akianza na asidi iliyomo ndani ya nyongo ya ng'ombe na kupita hatua zaidi ya 30 za kikemia. Hata hivyo ilichukua takriban miaka minne zaidi kupata kiasi cha kumtosha mgonjwa mmoja.

Mgonjwa huyo alikuwa mwanamke wa miaka 29, ambaye kwa zaidi ya miaka minne ugonjwa ulikuwa umemfunga viungo. Alichomwa sindano ya kwanza tarehe 21 Septemba 1948. Siku mbili tatu baadaye aliamka na kujigeuza kitandani bila shida. Ndani ya wiki moja alitoka hospitali kwa miguu yake kwenda mjini kufanya manunuzi, na akazunguka madukani kwa saa kadhaa. Madaktari waliozoea kuwaona wagonjwa wa baridi yabisi wakisogezwa kwa viti vya magurudumu hawakuwahi kuona jambo la namna hiyo.

Habari zilipoanza kuenea mwaka 1949, ile E ikawa kero. Watu walianza kudhani ni vitamini E, ambayo ilikuwa tayari inauzwa madukani. Jina kamili la kikemia lilikuwa refu mno kwa mdomo wa daktari, achilia mbali mgonjwa: 17-hidroksi-11-dehidrokortikosteroni. Hench na Kendall wakalifupisha, wakachukua vipande vyake na kuunda kortisoni. Mwanzo wa jina unatokana na neno la Kilatini la gamba la mti, kwa kuwa homoni hii inatoka kwenye tabaka la nje la tezi. Mwisho wake, ile sauti ya «-oni», ni alama ya wakemia inayoonyesha kwamba ndani ya molekuli kuna kundi la ketoni. Mwaka 1950 Hench, Kendall na Reichstein walitunukiwa Tuzo ya Nobel. Ni nadra dawa kupita kutoka kwa mgonjwa wa kwanza hadi Stockholm kwa miaka miwili tu.

Ila gramu moja iliuzwa dola 200. Nyongo ya ng'ombe isingeweza kuwatosha wagonjwa wa dunia nzima, na hapo ndipo wakemia walipogeukia mimea. Nchini Mexico, Russell Marker alikuwa ameshaonyesha katika miaka ya 1940 kwamba homoni ya projesteroni inaweza kutengenezwa kutokana na viazi vikuu vya porini. Mwaka 1952 watafiti wa kampuni ya Upjohn, Durey Peterson na Herbert Murray, waligundua kwamba ukungu wa jamii ya Rhizopus, unaofanana na ule unaoota kwenye mkate uliolala, unaweza kuikamilisha hatua ngumu kuliko zote kwa mpigo mmoja. Bei ikaanza kuporomoka.

Waingereza hawakuwa na viazi vya Mexico. Walichokuwa nacho, kwa maana ya kilichokuwa chini ya utawala wao wakati huo, ni mkonge wa Afrika Mashariki.

Mkonge wenyewe uliletwa na Mjerumani Richard Hindorf mwaka 1893. Kati ya miche 1,000 aliyoiagiza kutoka Florida, ni 62 tu iliyofika hai, ikapandwa Kikogwe, karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo mashamba yalitapakaa Tanga, Korogwe, Morogoro, kisha Kenya. Vibarua walioitwa manamba walikata majani tangu alfajiri, yakapelekwa korona, ambako mashine iliyaponda na kubakiza singa. Kwa uzito, singa ni kama asilimia 4 tu ya jani. Yanayobaki ni maji ya kijani yenye kuwasha ngozi na makapi yenye harufu kali, na kwa miaka mingi yalimwagwa tu mitaroni na mitoni.

Mwaka 1951 wanasayansi watatu wa taasisi ya utafiti wa tiba ya Uingereza, R. K. Callow, J. W. Cornforth na P. C. Spensley, walitangaza kwamba ndani ya maji hayo yaliyokuwa yakitupwa mna hekojenini, kitu ambacho kiunzi chake cha kaboni kinakaribiana vya kutosha na cha kortisoni hata kinaweza kugeuzwa kuwa kortisoni. Huyu Callow anastahili kukumbukwa zaidi ya anavyokumbukwa. Mwaka 1936, akiwa na F. G. Young, ndiye aliyependekeza neno «steroidi» kwa familia nzima ya vitu hivi, kuanzia kolesteroli hadi homoni za uzazi. Miaka 15 baada ya kuipa familia jina, akamkuta mmoja wa jamaa zake kwenye mtaro wa korona. Cornforth naye alipata Nobel ya kemia mwaka 1975.

Kazi ya kukusanya hekojenini haikuwa ya anasa. Maji ya mkonge yaliachwa yachachuke, mashapo yakachukuliwa na kuchemshwa na asidi, kisha yakakaushwa na kusafirishwa. Kampuni ya Glaxo ya Uingereza iliifanya hekojenini ya Afrika Mashariki kuwa malighafi yake ya steroidi, kwanza kwa kortisoni, baadaye kwa betamethasoni. Katika vitabu vya historia ya mkonge tunasoma sana kuhusu kamba, magunia na bei ya tani. Sura hii ya dawa huachwa nje, na ni hasara, kwa sababu inaonyesha mkono wa wafanyakazi wa mashamba yale katika tiba iliyofika pembe zote za dunia.

Kufikia wakati huo kortisoni ilikuwa imeshazaa. Ikafahamika kwamba yenyewe haifanyi kazi mpaka ini liigeuze kuwa ile F ya Kendall, iitwayo hidrokortisoni. Mwaka 1955 kampuni ya Schering ilitoa prednisoni na prednisoloni, zenye nguvu takriban mara nne zaidi. Mwaka 1958 ikaja deksamethasoni. Ukiziweka kwenye mizani, miligramu 20 za hidrokortisoni hufanya kazi sawa na miligramu 5 za prednisoloni, au robo tatu tu ya miligramu moja ya deksamethasoni. Ni tofauti ya kutisha kwa vidonge ambavyo kwa macho havipishani.

Ndiyo maana utaratibu wa majina ulikuwa muhimu. Mwaka 1950 Shirika la Afya Duniani lilianzisha mpango wa majina ya kimataifa ya dawa, na orodha ya kwanza ikatoka mwaka 1953. Kampuni inabaki na jina lake la biashara, lakini kila dawa ina jina moja ambalo si mali ya mtu, na jina hilo hubeba alama ya ukoo. Penye «kort» ni jamaa wa kortisoni. Penye «pred» ni tawi la prednisoloni. Betamethasoni na deksamethasoni ni pacha: zinapishana tu upande ambao kundi dogo la methili limeelekea kwenye kaboni ya 16. Na penye «betasoli», kama klobetasoli, ni tawi la dawa za kupaka zenye nguvu ya juu kabisa.

Nguvu ya dawa hizo za kupaka ilipimwaje? Mwaka 1962 A. W. McKenzie na R. B. Stoughton walieleza njia rahisi: dawa huyeyushwa katika spiriti, hudondoshwa kwenye ngozi ya mkono wa mtu mwenye afya, kisha baada ya saa kadhaa huangaliwa ngozi imepauka kiasi gani. Steroidi hubana mishipa midogo ya damu, na mbanano huo ndio unaopausha. Kadiri ngozi inavyopauka, ndivyo dawa ilivyo kali. Glaxo ilitumia kipimo hicho kuchuja misombo mingi, na mwaka 1963 ikaingiza sokoni krimu ya betamethasoni. Klobetasoli ilifuata katika miaka ya 1970.

Kipimo cha maabara kimegeuka kuwa tangazo la mitaani. Watu wanaojichubua wamejua kwa uzoefu kile McKenzie alichokipima, na steroidi pia hupunguza utengenezaji wa rangi ya ngozi. Mchanganyiko unaoitwa mkorogo mara nyingi huwa na klobetasoli au betamethasoni, pamoja na hidrokwinoni au zebaki. Anayepaka mwili mzima kila siku kwa miezi hupata ngozi nyembamba inayochubuka kwa kuguswa, michirizi mapajani, chunusi na fangasi zisizokwisha. Dawa ikiingia damuni kwa wingi, tezi zilezile za juu ya figo hulala. Uso hujaa na kuwa mviringo, sukari na shinikizo la damu hupanda, na mtu akiacha ghafla anaweza kuzimia, kwa kuwa mwili umeshasahau kujitengenezea homoni yake. Tanzania imepiga marufuku steroidi katika vipodozi, lakini tyubu bado zinapita. Maandishi yaliyo mbele yanasema kung'arisha. Jina la kweli, kama lipo, liko nyuma kwa herufi ndogo. Mwuzaji wa duka la dawa anayemgeuzia mteja tyubu na kumwonyesha pale palipoandikwa klobetasoli anafanya kazi kubwa kuliko mabango mengi.

Deksamethasoni nayo ina mkasa wake. Humezwa kama kidonge cha kunenepa, kwa sababu huongeza hamu ya kula na kujaza maji mwilini. Anayeonekana amenawiri huwa amevimba.

Upande wa pili, neno «steroidi» limewatia watu hofu isiyo na sababu. Wengi wanalisikia na kuwaza wanyanyua vyuma na misuli, ambao hutumia jamii nyingine kabisa, ile ya testosteroni. Mama anaambiwa dawa ya mtoto wake ya pumu, ile ya kuvuta, ina steroidi, anaiweka kabatini. Kumbe ni beklometasoni kwa kipimo kidogo kinachobaki zaidi kwenye njia ya hewa, na ndiyo inayomkinga mtoto asikimbizwe hospitali usiku. Jina kortisoni lenyewe limebaki kama la jumla. Mchezaji wa mpira anayesema amechomwa kortisoni kwenye goti kwa kawaida amechomwa triamsinoloni au methiliprednisoloni. Kortisoni halisi haitumiki sana siku hizi.

Mwaka 2020 ukoo huu ulirudi kwenye kurasa za mbele. Tarehe 16 Juni, watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford walitangaza kwamba miligramu 6 za deksamethasoni kwa siku zimepunguza kwa takriban theluthi moja vifo vya wagonjwa wa UVIKO-19 waliokuwa kwenye mashine za kupumulia. Kwa wagonjwa ambao hawakuhitaji oksijeni haikuonekana kusaidia, jambo ambalo wengi waliokimbilia madukani kuinunua hawakulisoma.

Tangazo jingine la mwaka huohuo lilipita kimya zaidi, ingawa linaigusa Afrika Mashariki kwa karibu. Tangu mwaka 1972, Graham Liggins na Ross Howie wa Auckland, New Zealand, walipoonyesha kwamba sindano ya betamethasoni kwa mama huharakisha kukomaa kwa mapafu ya mtoto njiti, matokeo hayo yalikuwa yamethibitishwa zaidi katika nchi tajiri. Shirika la Afya Duniani likaifanyia majaribio deksamethasoni katika hospitali za Kenya, Nigeria, India, Bangladesh na Pakistan, kwa wajawazito zaidi ya 2,800 waliokuwa karibu kujifungua kabla ya wakati. Dozi ilikuwa miligramu 6 kila baada ya saa 12, hadi sindano nne. Vifo vya watoto ndani ya siku 28 vilishuka kutoka asilimia 23.5 hadi 19.6. Umri wa mimba ulipimwa kwanza kwa ultrasaundi, na sindano zilitolewa mahali palipokuwa na uwezo wa kumhudumia mama na mtoto njiti baada ya kuzaliwa.