Mzee Majuto: Mchekeshaji aliyeacha somo la mikataba

Na Mwandishi Wetu

MIONGONI mwa wasanii waliowachekesha Watanzania kwa muda mrefu zaidi ni Amri Athumani, maarufu kama Mzee Majuto au King Majuto. Alizaliwa Tanga mwaka 1948, akaanza kuigiza mwaka 1958 akiwa bado mtoto, na hakuiacha sanaa hiyo hadi uzeeni. Alifariki dunia Agosti 8, 2018 katika Hospitali ya Taifa Muhimbili, jijini Dar es Salaam, na kuzikwa mkoani Tanga.

Sanaa aliyokulia ni kichekesho, yaani igizo fupi ambalo kwa kawaida halina maandishi. Waigizaji hukubaliana kisa, kisha kila mmoja hubuni maneno yake jukwaani huku akipima mwitikio wa watazamaji. Kwa maana hiyo, mchekeshaji ni mtunzi na mwigizaji kwa wakati mmoja. Katika miaka ya 1980 na 1990, vichekesho vilikuwa sehemu ya maonyesho ya vikundi kama Muungano na TOT, sambamba na ngoma, sarakasi na taarab.

Biashara ya filamu ilipokua, Majuto aliingia nayo ufundi huo, akiigiza mara nyingi mzee mbishi ambaye ujanja wake humgeukia mwenyewe. Kanda, na baadaye diski, zilieneza filamu za Kitanzania hadi mbali na Dar es Salaam. Kasulu na Kibondo, wilaya za ukanda wa juu wa Mkoa wa Kigoma, zilitegemea umeme wa jenereta kwa miaka mingi kabla ya kuunganishwa na Gridi ya Taifa katika miaka ya 2020. Katika miji midogo ya aina hiyo, wengi walitazama filamu kwenye mabanda ya video, kwa kiingilio.

Hapo ndipo penye tatizo. Msanii aliyelipwa mara moja tu hana fungu katika kiingilio hicho, wala katika diski zinazorudufiwa kinyume cha sheria. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mwigizaji, lakini mkataba mbovu unaweza kumnyang'anya manufaa yake.

Suala hilo liliibuka mwaka 2018, Majuto alipougua na kupelekwa India kwa matibabu. Akiwa mgonjwa, alilalamika kutotendewa haki katika mikataba ya matangazo. Waziri wa Habari, Utamaduni, Sanaa na Michezo wa wakati huo, Dk. Harrison Mwakyembe, aliunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii, ikiwamo ya mkongwe huyo.

Kwa wachekeshaji wa sasa, wanaosimama peke yao jukwaani au kurusha kazi zao kwenye intaneti, somo ni lile lile: mkataba husomwa kabla ya kutiwa saini, wala si wakati wa ugonjwa.