Jinsi Mahakama za India Zinavyohamisha Upelelezi wa Polisi

Nchini India, mtu asiyekuwa na imani na upelelezi wa polisi wa jimbo lake anaweza kuiomba mahakama iukabidhi kwa Ofisi Kuu ya Upelelezi, maarufu kwa kifupi CBI, ambayo ni chombo cha Serikali Kuu. Waombaji wengi ni familia za marehemu. Ombi hilo halikubaliwi kwa urahisi.

Kwa kawaida CBI haiingii jimboni bila ridhaa ya serikali ya jimbo husika. Sharti hilo limo katika kifungu cha 6 cha sheria ya mwaka 1946 inayoipa ofisi hiyo mamlaka. Iwapo sharti hilo linazifunga pia mahakama ni swali lililojibiwa Februari 17, 2010, na majaji watano wa Mahakama ya Juu, katika shauri lililotokana na mauaji ya kisiasa ya mwaka 2001 huko Bengal Magharibi. Majaji hao waliamua kuwa Mahakama Kuu ya jimbo, kwa Ibara ya 226 ya Katiba, na Mahakama ya Juu, kwa Ibara ya 32, zinaweza kuamuru CBI ipeleleze hata bila ridhaa ya jimbo. Papo hapo walionya kuwa mamlaka hayo yatumike kwa nadra na kwa tahadhari, na kwamba lawama tupu dhidi ya polisi hazitoshi.

Onyo hilo ndilo linaloangusha maombi mengi. Mwombaji anayeeleza tu kwamba upelelezi unasuasua huelekezwa kwanza kwenye njia za kawaida: kumwandikia mkuu wa polisi wa wilaya iwapo kituo kimekataa kufungua jalada, kisha kwenda kwa hakimu, ambaye anaweza kuwaamuru polisi wapeleleze na kufuatilia kazi yao. Tangu Julai 1, 2024, hatua hizo zimo katika vifungu vya 173 na 175 vya sheria mpya ya mwenendo wa jinai. Hakimu, hata hivyo, hana mamlaka ya kuiita CBI.

Kinachoweza kuishawishi Mahakama Kuu ni mambo mahususi yaliyoambatanishwa na kiapo: ofisa wa polisi kuwa yeye mwenyewe mtuhumiwa, shahidi muhimu kutohojiwa, ripoti ya uchunguzi wa mwili kupingana na maelezo ya polisi, au barua zenye tarehe zisizojibiwa. Mwaka 2010, katika shauri la mtu aliyeuawa na polisi wa Gujarat mwaka 2005, Mahakama ya Juu iliihamishia CBI upelelezi ingawa hati ya mashtaka ilikwisha kuwasilishwa, kwa kuwa maofisa wa ngazi za juu wa jimbo hilo walihusishwa. Mtuhumiwa naye hana haki ya kujichagulia mpelelezi. Mahakama hiyo ilisisitiza hivyo mwaka 2018 na tena mwaka 2020.

Muda una uzito wake, kwani ushahidi wa eneo la tukio hauwasubiri mawakili. Agosti 9, 2024, daktari mwanafunzi alikutwa ameuawa katika Hospitali ya R.G. Kar mjini Kolkata. Polisi walianza kwa kufungua jalada la kifo kisicho cha kawaida, na siku iliyofuata walimkamata mtu mmoja. Wazazi wa marehemu walikuwa miongoni mwa walioomba upelelezi uhamishwe. Agosti 13, Mahakama Kuu ya Calcutta iliukabidhi kwa CBI, ikitaja kutokuwepo kwa maendeleo ya maana na hatari ya ushahidi kuvurugwa.

Amri ya namna hiyo hubadilisha mpelelezi, wala haiahidi matokeo. Uhuru wa CBI wenyewe umewahi kutiliwa shaka: mwaka 2013 Mahakama ya Juu iliifananisha na kasuku aliyefungiwa tunduni. Katika shauri la Kolkata, hati ya mashtaka ya CBI ya Oktoba 2024 ilimtaja mtu yuleyule aliyekamatwa na polisi. Alitiwa hatiani Januari 18, 2025, na siku mbili baadaye akahukumiwa kifungo cha maisha. Wazazi, wakiamini kuwa wapo wahusika wengine, walirudi mahakamani kuomba uchunguzi zaidi.